Bendi Nzima na Filimbi ya Baba

3 Juni

Dada yangu,

Nimefika salama, na la kushangaza zaidi, vyombo navyo vimefika salama. Marimba ilisafiri imelala juu ya viti viwili vya nyuma kama mgonjwa wa heshima. Zeze nililipakata njia nzima. Gitaa, udi, ngoma na kayamba vilikuwa chini ya kiti, na kila basi lilipoingia shimoni kayamba ilipiga kelele, abiria wakageuka kuniangalia mimi kana kwamba ndimi niliyechimba shimo. Filimbi ya baba ilikuwa kwenye mfuko wa ndani wa koti. Uliifunga vizuri mno, sikuthubutu kuifungua njiani.

Nimepewa chumba ghorofani, juu ya mafundi cherehani watatu. Wanaanza kazi saa mbili asubuhi, na mashine zao hazilingani hata kidogo, nami kwa ugonjwa wangu najikuta nawahesabia mapigo nikiwa bado kitandani. Studio iko ng'ambo ya barabara, unashuka ngazi kumi na mbili. Kuta zake zimebandikwa trei za mayai kuanzia chini hadi darini. Fundi wa sauti ni mtu mwembamba, miwani yake imefungwa kwa uzi, maneno yake ya kupima. Ananiita Mzee Bendi. Aliniuliza nilijifunzaje vyombo sita, nikamwambia ukweli ambao wewe unaujua: kila chombo nilijifunza kwa hasira, kwa sababu ya mtu fulani ambaye hakutokea siku ya harusi. Mpiga gitaa alilewa, nikashika gitaa. Mpiga udi alioa, mke akamkataza kutembea. Mpiga marimba alinuna kwa sababu ya wali, na hadi leo hajaacha kununa. Ndiyo maana naitwa Bendi Nzima, si kwa kipaji.

Ile kanda ya redio, waliyomrekodi baba zamani, fundi wa sauti ameipata. Baba yumo peke yake, nyimbo tisa, anapuliza hadi unasikia anavyovuta pumzi. Mpango ni huu: baba aendelee kupuliza kwenye kanda, nami nipige vyombo vyangu kimoja kimoja kumzunguka, mpaka iwe bendi kamili. Fikiria, dada. Alipofariki nilikuwa najua ngoma tu, tena kwa kubahatisha. Miaka thelathini na minne nimepiga na walevi, wanunaji na wasiojua kuhesabu hadi nne, ila sijawahi kupiga na baba. Hii ndiyo kazi niliyokuwa naisubiri, na baada yake hata nikistaafu nitastaafu nikicheka.

Kesho tunaanza. Asubuhi nitafanya kama siku zote: nitaziba matundu yote ya filimbi, nitapuliza ile sauti moja, nitakaza nyuzi za vyombo vyangu kuifuata, kisha nitaifunga kwenye kitambaa. Wimbo siupulizi, unanijua. Filimbi ya baba si ya kuchezea.

Msalimie sana wifi yako. Mwambie nakula.

Mdogo wako,
Bendi Nzima

11 Juni

Mdogo wangu,

Barua yako imefika imekunjwa mara nne, nadhani dereva wa basi aliikalia. Wifi yako hajambo. Anasema nyumba imepata nafasi, na kwamba amegundua kuna ukuta nyuma ya pale marimba ilipokuwa inakaa.

Karakana ina kazi. Natengeneza ngoma tatu za shule, na udi mmoja ambao mwenyewe aliuacha karibu na jiko hadi tumbo likaachia gundi. Nimemsema mpaka akaomba maji ya kunywa. Mtu anayeacha chombo kwenye joto, huwa simwachi aondoke hivihivi.

Sasa nikuulize la kifundi. Hapo studio hawana piano? Sehemu kama hizo lazima wawe nayo. Ningekuwa wewe ningekaza nyuzi kwa piano. Mwanzi ni mwanzi tu, ukiuhamisha hewa unabadilika, na huo umeshakula chumvi nyingi. Iache filimbi ipumzike kwenye kitambaa chake. Na marimba pia usiikazanie sana, iachie siku chache izoee hewa ya huko.

Usianze kunibishia kwa barua ya kurasa sita. Nasema kama fundi.

Niandikie mapema nijue vyombo vinasikikaje na ile kanda. Mapema, usingoje mpaka mmalize.

Dada yako

19 Juni

Dada,

Piano ipo, watu wanatundikia makoti. Hata ingekuwa mpya kutoka kwenye sanduku, tangu lini nyumba yetu ikaomba sauti kwa piano?

Lakini sina raha ya kutania. Mambo yameharibika.

Siku ya kwanza nilipiga zeze kuufuata wimbo wa kwanza wa baba. Fundi wa sauti akasimamisha mashine. Akaniuliza kama namsikia baba. Nikasema namsikia. Akaniuliza kama najisikia mwenyewe. Akaturudishia wote wawili, nikasikia. Dada, tulikuwa kama watu wawili wanaotembea pamoja, mmoja barabarani na mwingine juu ya ukingo wa barabara. Mimi ndiye niliyekuwa juu. Nikakaza upya kwa filimbi, nikapiga tena. Vilevile. Nikajaribu gitaa, udi, marimba. Vilevile.

Tukailaumu kanda kwanza. Fundi wa sauti akabadilisha mashine. Kisha akanionyesha kwamba mwanzoni mwa kanda watu wa redio waliweka mlio wa kupimia, akaupima, ukawa sawa kabisa. Kanda haina kosa. Hapo akasema, kwa adabu sana, kwamba labda tuitazame filimbi. Nilisimama. Nikamwambia filimbi hii baba yangu aliipuliza kabla yeye hajazaliwa, na ndiyo hiyohiyo iliyomo kwenye kanda, sasa itapishanaje na yenyewe? Akasema basi ipulize, tusikie pamoja na kanda. Nikapuliza ile sauti moja.

Ilipanda juu ya baba.

Kwa hiyo hesabu ni fupi. Filimbi ni ileile, kanda ni nzima, kilichobaki ni mimi. Ama midomo yangu imezeeka inapuliza ovyo, ama masikio yanakwenda. Juzi nilisimama dirishani nikisikiliza cherehani za chini, nikashindwa kujua kama zinapishana kweli au ni mimi. Jumatano ijayo nakwenda kwa daktari wa masikio. Naogopa, dada, na sioni haya kusema. Mtu akiniondolea masikio atakuwa ameniacha na nini?

Usimwambie wifi yako.

Mdogo wako

26 Juni

Mdogo wangu,

Masikio yako ni mazima. Kuna siku ulikuwa umekaa uani, mimi nikiwa ndani napiga msasa, na ukaniambia kwa sauti kwamba nimebadilisha karatasi nyembamba nikachukua nene. Mtu wa namna hiyo haendi kwa daktari wa masikio, anakwenda kumpa daktari kazi ya bure.

Barua hii nimeianza mara tatu. Mbili nimewashia jiko la gundi.

Mwanzi hukauka. Hupungua. Vitu vya zamani si mawe. Kwa nini unamlaumu mtu kabla hujakilaumu kitu? Huyo fundi wa sauti anaonekana ana akili, msikilize anapozungumza, usimsimamie kama askari. Ukimwona anataka kusema jambo, mwache aseme.

Kula vizuri. Wifi yako sijamwambia chochote. Mimi mwenyewe sina hamu ya chakula wiki hii, nadhani ni joto.

Dada yako

4 Julai

Dada yangu,

Daktari alinifungia kwenye kijumba cha kioo, akanivalisha visikizi masikioni, akanipa kitufe nikibonyeze kila nikisikia mlio. Milio mingine ilikuwa midogo kama mbu aliye chumba cha jirani. Nikabonyeza, nikabonyeza. Akatoka na karatasi, akacheka, akasema kwa umri wangu hajawahi kuona masikio kama haya, na kwamba angependa tubadilishane.

Mtu mwingine angefurahi. Mimi nilitoka pale nikakaa kwenye ngazi za hospitali. Kwa sababu kama masikio ni mazima, basi ni kichwa.

Unamkumbuka mjomba. Alianza na ngoma. Aliharakisha, watu wakamwambia, akabisha kwamba wao ndio wanaochelewa. Kisha akapoteza siku za wiki. Kisha akaanza kukuita wewe kwa jina la mama, na mimi hakuniita kitu. Na mimi si nimeanza hivyohivyo, kwa kubisha?

Na wewe ulijua. Sasa naona wazi. Ulianza kuniambia nikaze nyuzi kwa piano kabla sijakueleza shida yoyote. Na ile marimba, kabla ya safari, niliposema imeshuka haiendi na filimbi, ulisema ndiyo, ni unyevu, ukaichonga ncha zote bila neno. Wewe, ambaye hujawahi kukubaliana nami juu ya jambo lolote tangu nizaliwe. Ulikuwa umeona kwamba nimeanza kupotea, ukanihurumia. Sikulaumu. Ningekuwa mimi ningefanya hivyo.

Nimeamua. Bora niache nikiwa bado najua ninachoacha. Fundi wa sauti nimemwambia leo, alifungua miwani akaifunga tena uzi. Kuna shule karibu na hapa, mwalimu wa muziki ni mama mmoja mwenye subira. Jumamosi tarehe 13, saa nne asubuhi, anakuja na gari la shule kuchukua vyombo vyote sita. Nimemwandikia na kutia sahihi. Filimbi nitakurudishia wewe. Baba na afanye kazi yake peke yake kwenye kanda, alikuwa hahitaji mtu.

Nitakuja kumwambia wifi yako mwenyewe, ana kwa ana. Usinijibu kwa maneno ya kunituliza, dada. Hayo ndiyo yanayoniumiza.

Mdogo wako

5 Julai

Kwa Mama Fundi,

Shikamoo. Hatujuani. Mimi ni fundi wa sauti anayefanya kazi na mdogo wako. Anwani nimeinakili kwenye bahasha aliyoniachia nimpostie, naomba unisamehe kwa hilo.

Naandika kwa sababu sijalala vizuri na kazi hii. Nimepima vyombo vyake kwa mashine. Zeze, gitaa, udi, marimba, vyote vimepanda kwa kiasi kilekile kabisa, na siku ya pili na ya tatu vikapanda kiasi hicho hicho. Mama, mtu anayepotea hapotei sawasawa kila siku. Angepanda leo, kesho angeshuka. Mdogo wako anasikia kuliko mashine yangu. Nikimwambia hivyo anasema namfariji.

Vyombo vyote hivyo vinafuata kitu kimoja. Nilikitaja mara moja na sitathubutu tena. Labda wewe unaweza. Mwalimu anakuja Jumamosi ya tarehe 13.

Naomba radhi kwa kuingilia mambo ya nyumba yenu.

Fundi wa sauti

9 Julai

Mdogo wangu,

Barua hii anakuletea dereva mkononi, pamoja na kifurushi. Kaa chini. Usifungue kifurushi kabla hujamaliza kusoma.

Filimbi uliyonayo si ya baba. Nimeitengeneza mimi.

Aprili, siku uliyokwenda kupiga kwenye harusi ya yule muuza vioo, niliichukua nikaipaka mafuta kwa ajili ya safari yako. Nikaiweka dirishani mafuta yanywe. Akaja mteja, tukabishana juu ya ngozi ya ngoma, nikasahau. Jua likahama. Nilisikia mlio mmoja mkavu, nikajua kabla sijageuka. Ilikuwa imepasuka kutoka matundu ya chini hadi mwisho, na nilipoinyakua, mwisho wake ukavunjikia mkononi mwangu. Mimi, ninayewafukuza watu kwa kuacha vyombo kwenye joto.

Juu ya kabati kulikuwa na mwanzi wa shina lilelile ambalo baba alilikata. Nilifanya kazi siku tatu, mlango umefungwa, wewe nikakuambia mafuta bado hayajakauka. Nilichoma alama zake zote, hata ile ndogo ya jino. Lakini mwisho wa ile ya zamani ulikuwa vijiti tu, sikuweza kuupima, nikakisia. Nilikisia pungufu. Ni upana wa ukucha, na upana wa ukucha ndio huo unaokutesa.

Ulipoipuliza asubuhi ya kwanza sikupumua. Ukasikiliza, ukasema, "Marimba imeshuka." Hapo ndipo ningesema. Badala yake nikasema ni unyevu, nikaichonga marimba nzima kufuata uongo wangu. Hukuwa unapotea. Ulikuwa unasikia sawasawa, na mimi ndiye niliyekuwa nakuambia sivyo.

Utauliza kwa nini nilinyamaza hata uliponiandikia habari ya daktari. Nitasema. Mimi niliingia karakana na baba nikiwa na miaka tisa. Nilimshikia mwanzi ule akiutoboa, nina kovu la moto kwenye kidole gumba. Alipokuwa anakata roho akakupa wewe filimbi, wewe uliyekuwa unajua ngoma kwa kubahatisha. Sikusema kitu, lakini kinyongo nilikuwa nacho, na wewe ulikiona. Sasa iliponipasukia mkononi, niliogopa utasema nilifanya makusudi. Na tatizo ni kwamba kuna siku nilijiuliza mwenyewe. Nimejiuliza sana. Jibu ni hapana. Nilisahau tu, kama mjinga yeyote anavyosahau.

Vipande viko kwenye kifurushi. Vipime mwenyewe.

Mjomba ni mjomba. Wewe kichwa chako kizima, masikio yako mazima, na Jumamosi usimpe yule mwalimu hata kayamba. Nikasirikie mimi upendavyo, lakini usiache kupiga kwa kosa langu. Nakuomba, mdogo wangu.

Dada yako

12 Julai

Dada,

Umeniambia nikae, kwa hiyo nilisoma nimesimama. Nilipofika kwenye "nimeitengeneza mimi" nikakaa.

Sijawahi kufurahi hivi kwa kudanganywa. Nilicheka peke yangu hadi cherehani za chini zikasimama na mtu akaita kuuliza kama niko mzima. Nikamjibu kwa sauti kubwa kwamba ndiyo, mimi ni mzima, na nina barua ya kuthibitisha. Kisha nikalia, na kulia kwenyewe kulikuwa kuzuri. Nilifungua kifurushi, nikapanga vipande mezani kando ya filimbi yako, nikabandika kijiti kwa kijiti. Ukucha mmoja. Nilikuwa tayari kuzika maisha yangu yote kwa upana wa ukucha mmoja.

Nikavuka barabara bila viatu vya kueleweka. Fundi wa sauti akasoma barua yako mara mbili, akasema tu kwamba alijua mtu hapotei sawasawa, akaenda kuchemsha chai. Mwalimu nilimpigia simu kutoka dukani. Alisema afadhali, kwa sababu shule haina mtu wa kupiga udi, na je, siwezi kuja mimi badala ya udi? Nitakwenda kila Jumanne nikiwa huku.

Nimekasirika pia, usidhani umepona. Nilikasirika tangu saa sita mpaka ile chai. Wiki mbili nimeangalia kila ufunguo mlangoni nikijiuliza kama kesho nitajua ni wa nini. Hilo lilikuwa baya, dada, na ungeweza kulizuia kwa mstari mmoja. Nimelisema, limekwisha.

Kuhusu makusudi, acha upuuzi. Mtu anayevunja kwa kusudi hakai siku tatu akichoma alama ya jino.

Kuhusu baba, nami nina langu. Unadhani sipulizi wimbo kwenye ile filimbi kwa heshima. Watu wote wanadhani hivyo, na nimewaacha wadhani. Nilikuwa naogopa. Alinipa mimi nisiyejua, akakuruka wewe unayejua, nami nikaona nikipuliza wimbo mbovu kila mtu atasikia kwamba baba alikosea. Kwa hiyo miaka thelathini na minne nimepuliza sauti moja na kuifunga haraka. Ilikuwa yako, dada. Nilijua siku ileile, nikanyamaza kwa sababu nilipenda kupewa.

Leo nimeichukua hii ya kwako na kupuliza wimbo mzima, wa pili kwenye kanda. Nimeupuliza vibaya sana. Nikaurudia. Hii hakunipa baba, kwa hiyo hakuna mtu wa kumwaibisha. Ina mlio mzuri, tena mwepesi, nimeshangaa sikuusikia mapema. Vile nilivyokuwa naiogopa, ningesikiaje?

Mdogo wako mzima kabisa,
Bendi Nzima

18 Julai

Mdogo wangu,

Nilisoma barua yako nikafunga karakana saa tano asubuhi, nikarudi nyumbani nikalala hadi alasiri. Nilipoamka nikala sahani mbili. Kisha nikaenda kumweleza wifi yako kila kitu. Amenisema kwa muda ambao sijawahi kusemwa tangu mama afariki, na nilipomaliza kusemwa akanitengenezea chai.

Uliyoandika juu ya baba nimeyasoma na kuyaweka. Sitajibu sasa. Nimefurahi kwamba uliyaandika.

Sasa tufanye kazi inavyotakiwa. Nirudishie filimbi na marimba kwa basi la Alhamisi. Kwa kuwa umeviunga vile vipande, nipe kipimo kamili cha ile ya zamani, nitatengeneza nyingine isiyopungua kitu. Marimba nitaichonga chini katikati ishuke mahali pake. Wiki mbili, uanze upya na kanda. Najua utasema siyo lazima. Ni lazima. Baba hakuwahi kupokea kazi yenye upungufu wa ukucha. Angegeuza kitu mara moja tu mkononi, anirudishie na kusema, "Pima tena." Hilo ndilo alilonifundisha, hakunifundisha jingine: pima tena. Hata siku nilipotengeneza udi wangu wa kwanza, watu wote wakashangilia, yeye alisema hilo.

Basi la Alhamisi, usisahau.

Dada yako

27 Julai

Dada,

Basi la Alhamisi limekwenda bila filimbi wala marimba. Nisikilize kabla hujashika nyundo.

Nilimsomea fundi wa sauti barua yako. Akauliza kwa nini tusumbue vyombo sita na filimbi moja, wakati kitu pekee chumbani kinachoweza kusogea bila kuchongwa ni kanda. Akashika kitufe cha mwendo wa mashine, akaongeza kidogo, kidogo mno, kiasi kwamba asiyejua hawezi kutambua. Tukasikiliza. Baba akapanda. Akapanda taratibu mpaka akaifikia filimbi yako, akasimama hapo.

Tumemaliza nyimbo zote tisa. Zeze lilikuwa la kwanza, na nilipomsikia baba anavuta pumzi nikajua pa kuingilia bila kuhesabu. Ngoma niliipiga kwa kujificha chini yake, kama zamani. Marimba yako inalia vizuri, siichongi tena hata ukinitishia. Wimbo wa tisa nikaomba niongeze chombo cha saba. Nimepuliza filimbi yako pamoja na baba, mstari mmoja tu, ule rahisi, kwa sababu mingine bado inanishinda. Hazigombani. Kuna mahali hata mimi sijui nani ni nani.

Nimeeleza wazi kwenye karatasi ya jalada: filimbi mbili, moja ya baba, moja ya dada, fundi wa vyombo.

Hapa kuna kanda ya kusikiliza. Fundi wa sauti ni mtu wa haki, anasema wewe ndiye fundi na ndiye mtoto mkubwa, na hataki kuipeleka kiwandani bila neno lako. Ukisema si sawa kumpandisha marehemu, atamrudisha baba mahali pake, nami nitashusha vyombo vyote na kupiga upya, wala sitanung'unika. Naweza kupiga tena hata mara kumi. Hilo ndilo ninalofurahia kuliko yote, kwamba naweza.

Tunasubiri jibu lako.

Mdogo wako,
Bendi Nzima

2 Agosti

Mdogo wangu,

Wifi yako alikuja karakana na redio yake ya kanda. Tukaiweka juu ya meza ya kazi, nikafuta vumbi la mbao, tukakaa.

Kazi ni nzuri. Zeze kwenye wimbo wa nne unaliharakisha kidogo, umekuwa ukiharakisha tangu ujana, si kichwa hicho. Wifi yako alilia kwenye ngoma. Mimi nilijikaza hadi wimbo wa tisa.

Nilisikiliza ule wa tisa kama fundi. Nilitafuta ule upana wa ukucha. Nikarudisha nyuma, nikatafuta tena, mara nne, wifi yako akaniuliza natafuta nini. Haupo. Nimefanya kazi na yule mzee tangu nina miaka tisa, na kila nilichokitengeneza nilikirudia hadi kimfuate yeye. Hii ni mara ya kwanza yeye kuja kwangu.

Mwambie fundi wa sauti asimshushe.

Dada yako